Barua ya wazi kwa MCA wetu, mwakilishi wa wadi: mulika mwizi ya ufuoni imetufichia Kilimia

Mheshimiwa,

Salaam na heshima zote. Naandika hapa mbele za watu manake barua za ofisini zilipokelewa, zikagongwa muhuri, na hadi leo kimya. Na kilichonikalisha chini kuandika ni yaliyotokea Ijumaa alfajiri.

Babu yangu unamjua, ndiye aliyekuombea dua ulipokuja kutuomba kura. Alitoka kabla ya adhana kwenda ufuoni kutazama Kilimia, lile kundi la nyota. Huu Juni ndio wakati wake, manake kinazama magharibi jioni masika yakiwa yamekolea, kinapotea wiki kadhaa, halafu kinaibuka alfajiri upande wa bahari, na wazee wanakingojea wakisome kwa lile neno tulilorithi, kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Nikamkuta amesimama mchangani, kiganja kimoja juu ya nyusi, kingine amekiinua ubavuni kuzuia ule mwanga wa mulika mwizi, ile taa kubwa ya mlingoti, machozi yanamchuruzika. Hakukiona. Mimi na macho yangu ya ujana pia sikukiona, mbingu yote ya mashariki imekuwa nyeupe kama tui. Akasema, "Wamewasha taa wakanizimia saa." Akarudi nyumbani, na tangu hapo haongei sana.

Na ni saa kweli Mheshimiwa, usidhani ni maneno ya uzee. Sisi tumelelewa na hadithi zake za baharini msimu wa kaskazi, na hizo hadithi zilipimwa kwa Kilimia. Anaanza paukwa kikiwa juu ya paa la msikiti, kikifika kwenye makuti ya ule mnazi mrefu wa kwa kina Mwanaisha ndipo jahazi linapigwa na dhoruba, kikivuka mnazi hadithi imekwisha hata ulie vipi. Tulikuwa tunaikodolea macho ile nyota tukijua jahazi linakaribia kuzama. Tangu mlingoti usimikwe kaskazi imepita hakuhadithia kitu. Tulimkalisha uani, watoto wakaitikia pakawa, akainua macho juu, akakosa pa kushika, akanyamaza. Sasa watoto wangu wanajua katuni za kwenye simu tu, na mimi nafsi yangu nimeshaanza kusahau jahazi liliokokaje.

Wataalamu wa nyota wanakadiria mwanga wa Kilimia unachukua miaka kama 440 kutufikia. Yaani huo wa juzi ulitoka huko kabla Wareno hawajaanza kuijenga Fort Jesus pale Mombasa mwaka 1593. Umepita karne zote hizo salama, umefika juu ya kijiji chetu, hapo mwishoni kabisa ndipo tunauziba na taa ya kaunti! Mimi hilo linaniuma, sijui kwako.

Nisieleweke vibaya. Hatukatai usalama. Mashini za boti ziliibwa hapa, na hata kwenye paukwa tunafundishwa giza ni la mwizi. Lakini wewe mwenyewe kwenye baraza pale mwembeni ulisimama ukatuambia kwa kinywa chako taa itaelekezwa chini, itawekewa kifuniko, na saa sita usiku itazimwa. Watu wakakupigia makofi. Taa ilipokuja haina kifuniko, imeinuliwa uso ikatazama bahari, inawaka mpaka jua linatoka. Labda mkandarasi alitaka kumaliza haraka alipwe, labda vifuniko viliandikwa kwenye karatasi tu, au labda hakuna aliyemwambia, mimi sijui, nabahatisha. Ninachojua ni kwamba boti zimefungwa huku kwenye gati dogo na taa inamulika kule kusiko na kitu. Sasa inalinda nini?

Na si babu peke yake. Wavuvi wetu wa zamani bado wanahesabu mwaka kwa miongo, siku kumi kumi kuanzia Nairuzi, mwaka mpya wa Waswahili, na nyota ndiyo inayowahakikishia hesabu. Kasa wanaoanguliwa ufuoni wanaufuata mwangaza wakidhani ndiyo bahari, wanapanda barabarani badala ya kushuka majini. Chumbani kwangu nimetundika leso mbili dirishani na bado mdogo wangu wa mwisho halali, jogoo wa jirani anawika saa nane, nimechoka Mheshimiwa, nimechoka kweli.

Halafu tunasikia kuna mlingoti wa pili unaletwa. Shimo limeshachimbwa karibu na msikiti. Nakuomba kwa heshima shimo hilo lisitiwe nguzo kabla ya hii ya kwanza kurekebishwa. Mengine yote niliyoandika kwenye zile barua, mikutano sijui, kamati sijui, yaache kama hayawezekani. Hii taa ifunikwe. Igeuzwe uso itazame boti, ifunikwe juu, basi. Ngazi tunayo, vijana wa kupanda wapo, tunachokosa ni ruhusa yako na fundi wa kuzima umeme wakiwa juu.

Kilimia sasa kinapanda mapema kidogo kila alfajiri, na babu bado anaamka. Tuma fundi wiki hii.

Ni mimi mkazi wa wadi yako, niliyekupigia kura.