Nyoka kwenye sherehe ya ndotoni si jina la jirani

Mhariri,

Naomba nafasi kwenye ukurasa wa barua niseme jambo linalojirudia hapa Tabora kila masoko ya tumbaku yanapofunguliwa, mahafali yanapokaribia na kadi za michango ya harusi zinapoanza kugawiwa. Mtu anaota amefaulu, anashangiliwa, vigelegele vinapigwa, halafu chini ya meza ya keki kuna nyoka. Asubuhi anauliza maana, na jibu ni lilelile, liwe la mganga, la redioni au la kwenye simu: nyoka ni adui wa karibu, fisi ni mchawi, bundi ni msiba. Kuanzia hapo anawakagua ndugu zake mmoja mmoja akimtafuta huyo adui, na furaha yote imeingia mchanga.

Sisi tunaofanya kazi ya ushauri nasaha tunaliona jibu hilo kuwa baya, tena katika mikoa yetu ni la hatari. Bibi kizee mwenye macho mekundu kwa moshi wa kuni hana kinga dhidi ya ndoto ya mtu mwingine. Serikali ilipopiga marufuku waganga wapiga ramli Januari 2015, watu wengi walifikiria vibuyu na hirizi. Tafsiri ya ndoto inayoishia kwenye jina la mtu ni ramli chonganishi ileile, hata kama aliyeitoa amevaa tai.

Kabla ya kuuliza maana ya mnyama, uliza mwili umelalaje. Usingizi huenda kwa mizunguko ya takriban dakika 90, minne hadi sita kwa usiku. Ndani ya kila mzunguko kuna kipindi ambacho macho hucheza chini ya kope, na hapo ndipo ndoto ndefu zenye picha kali hutokea zaidi. Jambo hilo lilitangazwa kitaalamu mwaka 1953 na Eugene Aserinsky na Nathaniel Kleitman wa Chicago. Kipindi cha kwanza ni kifupi, kama dakika 10. Vya alfajiri ni virefu zaidi. Wakati huo sehemu ya ubongo inayoshughulikia hofu imechangamka, na ile ya kupima mambo kwa hoja imelegea, ndiyo maana chui anaweza kukaa meza kuu na mwotaji asione ajabu.

Sasa itazame wiki ya sherehe. Vikao vya kamati, mkesha, kulala saa nane usiku siku tatu mfululizo. Mwili ulionyimwa usingizi hulipa deni lake kwa ndoto nyingi na nzito kuliko kawaida. Pombe nayo hubana ndoto nusu ya kwanza ya usiku. Ikishaisha mwilini, ndoto hurudi alfajiri kwa fujo, mtu akaamka anatweta. Homa ya malaria hufanya hivyohivyo. Zipo pia dawa: mefloquine ya malaria inajulikana kwa kuleta ndoto za kutisha, na propranolol wanayopewa baadhi ya wagonjwa wa moyo na presha inaweza kufanya hivyo. Dawa usiiache mwenyewe. Rudi kwa daktari aliyekuandikia umweleze. Mtu mwenye mojawapo ya hayo hana sababu ya kumtafuta mbaya wake mtaani.

Ikiwa mwili hauna neno, ndipo tumtazame mnyama, na hapa kosa kubwa ni kumpa maana moja kila mahali. Unyamwezini nyoka huingia kwenye sherehe peupe, kila mtu akimwona: wachezaji wa Buyeye, ngoma ya nyoka, humbeba chatu shingoni, ngoma inalia, watoto wanakimbia na kurudi. Aliyekulia na ngoma hiyo akiota nyoka kwenye shangwe, huenda ameota shangwe tu. Kigoma kuna nyoka wa majini wa Ziwa Tanganyika, jamii ya swila. Sumu anayo, lakini chakula chake ni samaki na mara nyingi akiona mtu hukwepa. Kijana wa Ujiji anayeshinda mwaloni hawezi kusomewa nyoka huyo kama anavyosomewa mtu ambaye hajawahi kumwona nyoka ila kwenye televisheni. Simba na chui hapa kwetu walikuwa wanyama wa watemi, ngozi zao hazikuwa za kila mtu. Mtu aliyepandishwa cheo akaota simba amelala mlangoni kwake, mimi ningemuuliza juu ya cheo kabla ya kumuuliza juu ya maadui.

Fisi anastahili maneno zaidi kwa sababu ndiye anayeogopesha kuliko wote. Watu husema alikuwa anacheka, anawacheka wenye sherehe. Lakini ile sauti tunayoiita kicheko fisi huitoa akiwa amebanwa, mara nyingi wenzake wanamfukuza kwenye mzoga au wanamnyang'anya kipande. Ni sauti ya taharuki. Kwa hiyo fisi anayecheka ukumbini anaweza kusomeka kama woga wa mwenye sherehe mwenyewe: chakula kitatosha? Nani atalaumu kwamba hakualikwa? Wangapi watakuja kesho kukopa, wakishasikia nimepata? Bundi nampita haraka. Anafuata panya, na panya wanafuata nafaka ya sherehe.

Chukueni mfano mmoja wa karibu. Mkulima wa tumbaku anaota yuko kwenye soko la AMCOS, chama cha msingi cha ushirika cha wakulima, marobota yake yamepata daraja la juu, watu wanampa mkono. Anapofungua robota la mwisho, nyoka amejiviringisha katikati ya majani, ametulia, anamtazama. Jibu la kawaida: kuna mtu amekufanyia mambo. Sisi tunauliza nyoka alikuwa wapi: ndani ya mali, wala si mlangoni. Alikuwa anafanya nini: ametulia, hajamwuma mtu. Nani mwingine alimwona: hakuna. Kisha tunauliza ni kitu gani kimelala ndani ya fedha hiyo ambacho mkewe hajaambiwa, na mara nyingi swali hilo hufika haraka kwenye makato ya pembejeo, au deni la mtu binafsi lililochukuliwa kipindi cha kujenga bani la kukaushia tumbaku. Hapo ndoto imefanya kazi, na hakuna jirani aliyetajwa.

Mahali, tendo, mashahidi: hayo matatu yana uzito kuliko aina ya mnyama. Kama wote walimwona mnyama na wakaendelea kucheza, angalia jambo ambalo ukoo mzima unalijua na haulisemi. Kama alikuwa anakufuata wewe tu, angalia ahadi au deni. Kama ulimlisha, jiulize ni tabia gani unaiendekeza.

Ili maswali hayo yapate majibu, ndoto iandikwe mapema, maana hupotea ndani ya dakika chache. Ukiamka usigeuke na usishike simu. Baki umefumba macho kama dakika moja, uirudishe ndoto kuanzia mwisho kwenda mwanzo. Kisha andika kwenye daftari: kwanza ulivyojisikia, ndipo mnyama. Ukianza na mnyama, utaandika maana uliyoisikia kwa watu badala ya ulichokiona. Chini yake andika mambo ya siku mbili zilizopita na ya wiki moja nyuma; picha za ndoto huokotwa sana humo.

Wenye imani wana msingi mzuri kwao. Waislamu wamefundishwa kwamba ndoto ni za aina tatu, ikiwemo ile inayotokana na mazungumzo ya nafsi ya mtu mwenyewe, na kwamba anayeota baya atake hifadhi kwa Mwenyezi Mungu, ateme kushoto mara tatu bila mate, ageuke ubavu, wala asimsimulie mtu. Agizo hilo la mwisho peke yake lingezima ugomvi mwingi. Wakristo wanayo habari ya Yusufu gerezani: mwokaji aliota ndege wanadonoa mikate kichwani pake, na mambo yakatimia siku ya karamu ya kuzaliwa kwa Farao. Tazameni alivyofasiri. Alihesabu vikapu vitatu akapata siku tatu, akamwambia mwota ndoto habari yake mwenyewe. Hakumtaja jirani wa mwokaji.

Kwa hiyo ombi langu kwa magazeti na redio zenye kurasa na vipindi vya ndoto: msijibu swali la mnyama kabla ya kumuuliza mwotaji alikuwa na homa, dawa au pombe, na mnyama alikuwa wapi akifanya nini. Na maneno "adui wa karibu" yafutwe kabisa kwenye majibu yenu.

Ndoto ileile ikirudi zaidi ya mara moja kwa wiki, mwezi mzima, mwotaji aende kwa mshauri au hospitali, hasa kama amepitia vita, ukimbizi au ajali. Kuna zoezi linalosaidia: mchana, mtu anaandika ndoto yake upya na kuibadilisha anavyotaka yeye, kwa mfano nyoka anatoka ukumbini kwa mlango wa nyuma na ngoma inaendelea. Kisha anaipitia ndoto hiyo mpya kichwani dakika 10 hadi 20 kila siku kwa wiki kadhaa. Wengi hukosea kwa kulifanya kitandani wakiwa wamechoka, wakasinzia katikati, ile ndoto ya zamani ingali kichwani. Lifanyike mchana, mtu ameketi, hana usingizi. Na mzee anayepiga mateke na ngumi akiwa usingizini apelekwe kwa daktari bila kusubiri, na kitanda chake kisogezwe mbali na ukuta na taa ya chemli.

Mshauri nasaha,
Ng'ambo, Tabora