Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka

Ndugu wanachama,

Habari za fedha atazisoma mweka hazina. Ada zimeingia vizuri na hesabu zimekaguliwa. Mimi nitakaa zaidi kwenye vikao vyetu vya Jumamosi, ambako mwaka huu tulijifunza habari za wafagiaji wenzetu wa New York, miaka mia na ushei iliyopita.

Mji ule ulijaa farasi, na kila farasi alidondosha zaidi ya kilo 10 za mavi kwa siku. Kazi ya kufagia ilikuwa ikigawiwa na wanasiasa kwa wapambe wao, hadi mwaka 1895 idara ilipokabidhiwa George Waring, mhandisi wa majitaka. Aliwavika wafagiaji sare nyeupe, na mwaka 1896 wakapita kwa gwaride katika barabara ya Fifth Avenue. Watu waliozoea kuwadharau wakawapigia makofi.

Wengi husimulia sare tu. Mimi kilichonigusa zaidi ni kamati: wafagiaji walichagua wenzao wa kupeleka malalamiko, nao wakaketi meza moja na maofisa wa idara. Mtu wa ufagio akasikilizwa!

Waring aliondoka mwishoni mwa 1897, na mwaka uliofuata akafa kwa homa ya manjano aliyoipata Havana. Novemba 1911 wazoa taka wa mji huohuo waligoma. Walikuwa wamehamishiwa kazi ya usiku, kwenye baridi, na kila mkokoteni ukapewa mtu mmoja, anyanyue peke yake mapipa ya chuma yaliyojaa majivu ya makaa ya mawe. Meya William Gaynor hakulegeza msimamo. Nafasi zao wakapewa wengine, mgomo ukavunjika.

Wanachama mnajua kwa nini habari hii ilituchoma. Mwaka huu mkandarasi mmoja alileta glovu na buti kwa zamu ya asubuhi tu. Wenzetu wa usiku, wengi wao akina mama, waliendelea kuzoa chupa zilizovunjika kwa mikono mitupu, na kila msimamizi waliyemwendea aliwaelekeza kwa mwingine.

Kwa hiyo kamati tendaji inapendekeza kila zamu ichague mjumbe wake, na chama kiwaandikie wakandarasi wote kuomba kikao cha pamoja kila mwezi. Zamu ya usiku ianze kuchagua. Majina yapelekwe kwa katibu kabla ya chai. Kura tutapiga leo hii.