Mchezaji wa daraja la nne Uingereza ana kazi ya heshima, na vijana wetu waelezwe kazi hiyo

Bwana Mhariri,

Ukurasa wako wa michezo wa juma lililopita ulitaja, kwa mistari michache tu, habari za mchezaji mwenye asili ya Kongo aliyeachwa na klabu ya daraja la pili nchini Uingereza na kusajiliwa na klabu ya daraja la nne, na mwandishi wako akamaliza kwa kusema kwamba safari ya mchezaji huyo imekwisha. Mimi ninafundisha mpira vijana wa komine ya Katuba, hapa Lubumbashi, na vijana hao husoma gazeti lako, au husomewa na wenzao, kabla ya mazoezi kuanza. Kwa sababu hiyo naomba nafasi ya kusema kwamba hukumu ile haikuwa ya haki, na kwamba inawadhuru watoto wetu kuliko mwandishi alivyofikiri.

Chini ya Ligi Kuu ya Uingereza, yenye klabu 20, kuna klabu nyingine 72 zilizogawanywa katika madaraja matatu ya klabu 24 kila moja, na la chini kabisa kati ya hayo ndilo Waingereza wanaloliita League Two. Wachezaji wa klabu hizo wanaishi kwa mpira. Wana mikataba, wana daktari wa timu, wana chama chao cha wafanyakazi kilichoundwa Manchester mwaka 1907, na kila msimu, kuanzia mwezi wa nane hadi mwezi wa tano, klabu yao inacheza mechi 46 za ligi, mbali na zile za vikombe. Wanacheza Jumamosi alasiri na mara nyingi Jumanne usiku, katikati ya baridi, kwenye viwanja ambavyo kamera za dunia hazifiki. Klabu ya Carlisle iko kaskazini, karibu na mpaka wa Uskoti, na ile ya Plymouth iko kusini-magharibi kando ya bahari. Zilipokuwa pamoja katika daraja la nne, kwenda tu ilikuwa zaidi ya kilometa 600 kwa barabara, ambayo ni kama mtu wa hapa kwenda Kolwezi na kurudi, kisha mechi ichezwe, kisha safari ya kurudi ianze usiku uleule. Mtu anayeyafanya hayo kwa miaka 15 na bado akapewa mkataba mwingine si mtu aliyepotea.

Hatuna haja ya kutafuta mfano mbali. Jacques Maghoma alizaliwa katika mji huu wa Lubumbashi mwaka 1987, akakulia Uingereza na kulelewa katika shule ya mpira ya Tottenham, ambako wadogo zake Christian na Paris nao walipitia baadaye. Tottenham haikumpa nafasi katika kikosi cha kwanza. Mwaka 2009 alikwenda Burton Albion, klabu ya mji mdogo unaojulikana kwa viwanda vya bia, ambayo mwaka uleule ilikuwa imeingia katika madaraja hayo ya kulipwa kwa mara ya kwanza katika historia yake. Alikaa Burton misimu minne, yote katika daraja la nne. Katika mwezi wa tano wa mwaka 2013 klabu hiyo ilifika nusu fainali ya mchujo wa kupanda daraja, ikawafunga Bradford City ugenini mabao 3 kwa 2, kisha ikafungwa nyumbani 3 kwa 1, na ndoto ikaishia hapo. Lakini kazi ya Maghoma ilikuwa imeonekana. Aliingia Sheffield Wednesday, daraja la pili, akakaa misimu miwili. Mwaka 2015 akahamia Birmingham City, akakaa mitano.

Naomba wasomaji wasimame kidogo hapo Birmingham. Katika msimu wa 2019 hadi 2020, mtoto wetu wa Lubumbashi, aliyekuwa amepita umri wa miaka 30, alikuwa kikosi kimoja na kijana wa miaka 16 aitwaye Jude Bellingham, ambaye leo jina lake liko migongoni mwa watoto wengi wa Katuba. Walifanya mazoezi kwenye uwanja mmoja na kubadilishia nguo chumba kimoja. Gazeti lako limeandika juu ya Bellingham mara nyingi, na sina kinyongo na hilo, kwa kuwa ni mchezaji mkubwa. Ninachouliza ni kwa nini aliyezaliwa hapa, akavaa jezi ya Leopards, timu yetu ya taifa, akaanza daraja la nne na kupanda kwa miguu yake mwenyewe, hakupewa hata robo ya nafasi hiyo. Mwaka 2020 alimaliza mkataba, akaenda East Bengal nchini India, na msimu ule ligi nzima ya huko ikachezwa katika jimbo moja la Goa, bila watazamaji, kwa sababu ya korona. Hivyo ndivyo maisha ya mchezaji wa kuhama yalivyo: mkataba ukiisha, anafungasha na kufuata kazi iliko.

Wako wengine wa kwetu. Gabriel Zakuani, beki aliyezaliwa Kinshasa, alikuwa akichezea Peterborough katika daraja la tatu alipoitwa kwenye Kombe la Afrika la 2015 huko Guinea ya Ikweta, na timu yetu ikarudi na nafasi ya tatu. Yannick Bolasie, aliyekuwa naye katika kikosi hichohicho, alianzia timu ndogo ya Hillingdon Borough, akaenda kutafuta riziki Malta, akarudi Plymouth, akachezea Barnet ya daraja la nne kwa mkopo, akapita Bristol City, na ndipo alipofika Crystal Palace mwaka 2012, klabu iliyopanda Ligi Kuu mwaka uliofuata. Mwandishi anayehukumu mchezaji kwa kuangalia daraja alilopo leo angemfuta Bolasie akiwa bado Barnet.

Na hata asiyepanda kamwe anastahili heshima yake. Tony Ford wa Grimsby alianza kucheza mwaka 1975 akiwa na miaka 16, na akaacha mwaka 2001 akiwa Rochdale, baada ya kupita Stoke, West Bromwich, Scunthorpe, Mansfield na kwingineko. Alicheza mechi 931 za ligi, idadi ambayo hakuna mchezaji mwingine asiye kipa aliyeifikia katika madaraja hayo ya Uingereza; anayemzidi ni kipa Peter Shilton peke yake, mwenye mechi 1,005. Ford hakuwahi kucheza daraja la juu kabisa. Malkia alimpa nishani kwa utumishi wake. Ninapowaeleza vijana wangu habari za mtu huyu, wa kwanza kunyamaza na kusikiliza ni wale ambao hawana kipaji kikubwa lakini hawakosi mazoezi, na ndio ambao ningependa gazeti lako liwafikirie.

Sitaki hata hivyo mtu aseme kwamba ninayapamba maisha hayo. Kila mwezi wa tano, ligi inapokwisha, kila klabu hutangaza majina ya wanaobaki na ya wanaoachwa, na mikataba mingi humalizika tarehe 30 mwezi wa sita. Mchezaji mwenye mke na watoto hungoja simu. Jambo hilo lilionekana wazi tarehe 30 mwezi wa tano mwaka 2016, pale Wembley, ambapo Adebayo Akinfenwa, mshambuliaji mwenye mwili mkubwa aliyeanzia Lithuania, ambako alitukanwa kwa rangi yake, na kupita klabu zaidi ya kumi, aliifungia AFC Wimbledon bao la penalti katika fainali ya kupanda daraja, wakashinda 2 kwa 0. Dakika chache baadaye, jasho likiwa bado usoni, aliieleza televisheni kwamba hana kazi, akawaomba makocha wamwandikie kwenye WhatsApp. Watu walicheka, na yeye mwenyewe alikuwa mchangamfu, lakini alisema kweli: siku aliyoipandisha klabu yake ndiyo siku aliyomaliza nayo. Wycombe walimchukua, na mwaka 2020 alipanda nao hadi daraja la pili akiwa na miaka 38.

Wachezaji wa Bury walikutana na makubwa zaidi. Klabu hiyo ilianzishwa mwaka 1885 na ilitwaa Kombe la FA mara mbili, mwaka 1900 na 1903. Mwaka 2019 wachezaji wake walipanda kutoka daraja la nne hadi la tatu huku wakidai mishahara yao, na katika mwezi wa nane wa mwaka huohuo klabu ikafukuzwa kwenye ligi kwa sababu mwenye mali hakuweza kuonyesha fedha za kuiendesha. Msimu ulikuwa umeshaanza kwa wengine. Wale waliopandisha timu bila kulipwa walibaki wakitafuta pa kwenda.

Kuhusu fedha, nitatoa hesabu moja tu. Mwaka 2020 ligi hizo zilipitisha ukomo wa pauni 1,500,000 kwa mwaka kwa mishahara ya wachezaji wa klabu moja ya daraja la nne, kabla ya chama cha wachezaji kuupinga na kuushinda mwaka uliofuata. Ukigawa kiasi hicho kwa wachezaji 22, hakuna anayefikia pauni 70,000 kwa mwaka, kodi haijakatwa, na huo ulikuwa ukomo. Kwa macho ya Lubumbashi ni fedha nyingi. Kwa mtu anayelipa kodi ya nyumba Uingereza, anayehama kila baada ya mwaka mmoja au miwili, na ambaye goti lake linaweza kufunga hesabu kabla hajafikisha miaka 30, ni mshahara wa mfanyakazi, si mali ya tajiri. Ndugu zake waliobaki huku wangelijua hilo, wasingempigia simu kila wiki kana kwamba ana ufunguo wa benki.

Sasa niseme kwa nini jambo hili linaniumiza. Mama mmoja wa mtaa wetu, muuza makaa ya kupikia, aliniletea barua aliyoihifadhi vizuri ndani ya plastiki. Ilikuwa na nembo ya klabu ya daraja la chini la Uingereza, wino umefifia pembeni, jina la mwanawe limekosewa herufi, na ilimwahidi kijana huyo wa miaka 16 majaribio, viza na mshahara ambao mchezaji wa daraja lile haoti kuupata. Mtu aliyejiita wakala alikuwa ameshapokea sehemu ya dola kwa simu, na alitaka nyingine kabla ya mwisho wa mwezi. Mama hakuwa mjinga. Aliniambia, «Mwalimu, nilifikiri kwa kuwa ni klabu ndogo, inaweza kumchukua mtoto wa mtu mdogo.» Hakuna aliyewahi kumweleza kinyume, wala kwenye redio wala kwenye gazeti, na dola zile hazikurudi.

Ukweli ni kwamba sheria ya FIFA inakataza kuhamisha mchezaji wa chini ya miaka 18 kutoka nchi hadi nchi, isipokuwa kwa sababu chache ambazo barua ile haikugusa hata moja. Tangu mwaka 2021, mchezaji anayetoka nje huingia Uingereza kwa alama zinazohesabiwa kutokana na mechi za timu ya taifa, ubora wa ligi anayotoka na mashindano aliyocheza, na mtoto wa Katuba asiyejulikana hana alama hizo. Wakala wa kweli ana leseni ya FIFA, na jina lake hutafutwa kwenye tovuti ya FIFA kwa muda mfupi tu. Mambo haya matatu yangeweza kuchapwa katika pembe moja ya ukurasa wako kila kipindi cha usajili, na mama yule angeyasoma, kwa maana anajua kusoma vizuri.

Naomba basi mambo mawili, Bwana Mhariri. La kwanza, ukurasa wa michezo ufuatilie wachezaji wa kwetu walio katika madaraja ya chini ya Uingereza kama unavyofuatilia wale wa juu: wanacheza wapi, wamecheza mechi ngapi, mkataba unaisha lini, na wanafanya nini baada ya kuacha mpira. La pili linawahusu viongozi wa timu ndogo za mji huu, ambao wengi ni wasomaji wako. Mchezaji akiuzwa kimataifa kabla mkataba wake haujaisha, asilimia 5 ya bei hugawanywa kwa klabu zilizomlea kati ya miaka 12 na 23, lakini klabu isiyoweza kuonyesha kwamba ilimsajili haipati kitu. Timu nyingi za hapa huandika majina ya watoto kwenye daftari la shule ambalo hupotea kocha anapohama. Wawasajili kwenye chama cha mpira cha mji kila msimu, na wahifadhi nakala yenye tarehe, sahihi na muhuri, hata kwa mtoto ambaye leo anakaa benchi.

Wako kwa heshima,
Mwalimu wa mpira wa vijana,
Komine ya Katuba, Lubumbashi