Yule babu wa kituo cha zimamoto

Rafiki yangu mpenzi,

Salamu nyingi. Uliniuliza yule babu mwenye kipara katika kile kipindi cha zamani, cha picha nyeusi na nyeupe, ni nani, nami nikakutupia jina tu: Burt Mustin. Tangu siku hiyo sina raha, maana mzee yule anastahili zaidi ya jina.

Alizaliwa Pittsburgh, Marekani, mwaka 1884, sinema yenyewe haijazaliwa. Alisomea uhandisi, akaja kuuza magari miaka na miaka. Kuigiza na kuimba ilikuwa mapenzi yake tu, si kazi ya kumlisha. Alipostaafu akahamia Arizona, na huko ndiko mwongozaji William Wyler alikomwona jukwaani. Wyler akampa sehemu ndogo ya mfagizi katika Detective Story. Filamu ilipotoka, mwaka 1951, Mustin alikuwa na miaka 67. Sitini na saba, ndiyo kwanza anaanza!

Kisha televisheni ikamdaka. Leave It to Beaver, kile ulichokiona, kilitoa vipindi 39 kwa mwaka, miaka 6 mfululizo. Na hicho ni kimoja tu kati ya vingi. Kila wiki anatafutwa jirani, bawabu, babu wa mtu, na lazima awe mtu anayefika mistari iko kichwani, anatoa kitu chake kwa dakika mbili, anaondoka. Watu wa namna hiyo ndio walioibeba televisheni ya wakati ule, na majina yao yalipita mwishoni mbio mbio, hata huwahi kuyasoma.

Hebu mtazame tena akiwa Gus, mzimamoto wa Leave It to Beaver. Mtoto anakuja kituoni na shida zake, na Mustin anamsikiliza kama mtu mzima mwenzake. Hamfanyii vituko vya uzee ili tucheke. Mimi kwa kweli humwangalia yeye hata pale anapozungumza mtoto.

Jambo linalonigusa kuliko yote ni kwamba hakuna filamu inayomwonyesha akiwa kijana. Waigizaji wengine tunawaona wakizeeka mbele ya macho yetu, lakini huyu alitujia akiwa mzee tayari, akabaki mzee miaka 25. Mwaka 1973, katika kipindi cha All in the Family, alikuwa mzee aliyetoroka nyumba ya wazee. Mwishoni mwa 1976, katika kipindi cha Phyllis, wakamwozesha mwigizaji Judith Lowry, ajuza mwenzake. Bibi harusi alifariki kabla kipindi hakijarushwa, na Mustin akamfuata Januari 1977, zikiwa zimebaki siku 11 tu atimize miaka 93.

Wikiendi hii natafuta vipande vingine vya Gus. Nikivipata nakuletea, tukae tuvitazame pamoja.

Wako daima.