Barua kwa Mwanangu: Mpime Mbwa Wako Pumzi

Mwanangu mpendwa,

Picha za mbwa wako mdogo nimezipata, na nimezitazama zaidi ya mara moja. Unaniandikia kwamba maradhi ya mbwa wa uso bapa hayatampata kwa kuwa yeye ni chotara. Hapo sikubaliani nawe. Uchotara humwepusha mbwa na baadhi ya maradhi ya kurithi, lakini fuvu likiwa fupi, nyama za ndani hazipungui kwa kiasi hicho hicho, na ndiyo maana kaakaa laini, ile nyama ya nyuma ya paa la kinywa, huning'inia likaziba njia ya hewa.

Basi anza na pumzi. Akitulia, msogelee umtazame pua: ikiwa matundu yake ni membamba kama alama ya ukucha, na kingo zake hunywea kila avutapo hewa, usingoje. Huko kukoroma unakokuona kichekesho ni hewa inayopita kwa taabu. Sisi nasi, kabla hujazaliwa, tulimcheka mbwa wetu kwa kukoroma, mpaka siku moja ya joto kali alipoanguka ulimi umegeuka rangi ya zambarau. Alipona, lakini sikucheka tena.

Mwaka 2019 Kennel Club ya Uingereza, chama kinachoandikisha mbwa wenye ukoo, na Chuo Kikuu cha Cambridge walianzisha utaratibu wa kupima upumuaji wa mbwa wa uso bapa waliotimiza angalau mwaka mmoja. Daktari humsikiliza mbwa kwa stetoskopu akiwa ametulia, kisha mbwa hukimbizwa mwendo wa mchakamchaka kwa dakika 3, ndipo asikilizwe tena na kupewa daraja kuanzia 0, yaani hana dalili, hadi 3, yaani hali ni mbaya. Hata wako asiye na ukoo ulioandikishwa, daktari wa mifugo anaweza kumsikiliza kwa njia hiyo, na arudie baada ya muda, kwa sababu hali hubadilika, hasa mbwa akinenepa.

Macho yake yaliyotokeza nayo yasisahauliwe, kwani hukauka na kuchubuka upesi. Kipimo cha machozi ni kijikaratasi kinachopachikwa kwenye kope ya chini kwa dakika 1. Unyevu ukifika milimita 15 au zaidi, kwa kawaida machozi yanatosha. Magoti yapapaswe kuona kama pia ya goti inateguka, moyo usikilizwe, na meno yakaguliwe, maana taya hilo fupi linatakiwa kubeba meno 42 yale yale ya mbwa yeyote. Uti wa mgongo upigwe eksirei daktari akiona haja.

Ikitajwa nusukaputi kwa jambo lolote, uliza kwanza watamlindaje asibanwe pumzi wakati wa kuzinduka.

Kabla ya kwenda, mrekodi akiwa usingizini, sauti isikike vizuri, umwonyeshe daktari, kwa kuwa mezani kwake hatalala. Daraja atakalopewa uniandikie siku hiyo hiyo.

Mama yako