Tusilaumu mtandao kabla ya kuangalia diski

Mhariri,

Wiki jana msomaji wako mmoja wa Donholm alilalamika katika ukurasa huu kwamba watoto wa siku hizi wanamaliza intaneti ya nyumba nzima wakipakua gemu, halafu gemu zenyewe zinakwama katikati na pesa inakuwa imeliwa na mtandao. Barua ile niliisoma nikiwa nimekalia robota la mitumba ambalo sijalifungua, nikacheka peke yangu, kwa sababu mwezi mmoja uliopita ningeiandika mimi. Mtandao nimeutukana sana, tena mbele ya majirani. Baadaye nikajua nilikuwa nausingizia, na aliyetukana hadharani naona akiri hadharani.

Mimi nauza suruali za mitumba Gikomba, huu ni mwaka wa 19. Kitinda mimba wangu yuko kidato cha tatu. Muhula uliopita nilimwahidi kwamba akitoka nafasi ya 28 akaingia kumi bora, nitamnunulia gemu ya mpira ya kompyuta. Niliahidi nikijua siwezi kuombwa. Kijana akawa wa tisa. Bei ilikuwa ya dola, kwa hiyo dada yake mkubwa akalipa kwa kadi ya benki, nami nikamrudishia kwa M-Pesa.

Vurugu ilianza jioni hiyo hiyo. Gemu ilikuwa imeandikwa 38 GB. Laptopu yetu, ambayo ni ya mtumba kama suruali zangu, ilikuwa na nafasi ya 52. Lakini programu ya duka la gemu ikakataa katakata, ikasema inataka 70. Kijana akapandwa na hasira. "Mathe, 38 inakosaje kuingia kwa 52?"

Hapo, Mhariri, mimi ambaye hesabu ilinishinda tangu darasa la sita ndiye niliyeelewa kwanza. Robota la suruali lina kilo 45. Limeshindiliwa kwa mashine na kukazwa mikanda, linatulia kwenye mkokoteni kama mtoto aliyelala. Ukate ile mikanda uone. Mali inavimba, inajaa kibanda, inamwagikia kwa jirani mpaka mnagombana. Na hujaanza hata kuchagua. Ukianza kutoa kamera, zile safi kabisa, upande huu na fagia, zile za mwisho, upande ule, unahitaji nafasi ya rundo ambalo bado hujaligusa na nafasi ya lile ulilokwisha kulipanga, yote kwa wakati mmoja. Gemu husafirishwa vivyo hivyo, imeshindiliwa ili iwe nyepesi njiani, kisha inafunguliwa ndani ya kompyuta. Ile 38 ilikuwa uzito wa robota. Ile 70 ilikuwa ukubwa wa kibanda. Muuzaji aliandika uzito kwa herufi kubwa, kibanda akakitaja chini kabisa kwa maandishi ya sisimizi.

Kijana akakumbuka diski ya nje niliyoinunua miaka mitatu iliyopita Luthuli Avenue, iliyotumika, ya 500 GB. Naitumia kwenye televisheni, kwa nyimbo zangu na picha za harusi ya binti yangu, na pia za mazishi ya mama. Nafasi ilikuwepo tele. Akaichomeka, akaiambia gemu ikae huko, ikakubali bila neno.

Akapiga hesabu kwamba intaneti yetu ni ya "kumi", basi 38 GB zitaingia kwa saa moja na kitu, acheze kabla ya kulala. Saa moja ikapita, hakuna kitu. Hapa namtetea kidogo yule msomaji wa Donholm, maana hili huwachanganya watu wazima pia. Ile kumi ya kampuni za intaneti ni megabiti kwa sekunde, na gemu hupimwa kwa megabaiti. Baiti moja ni biti nane. Kumi ukigawa kwa nane unapata moja na robo, kwa hiyo 38 GB ni zaidi ya saa nane mambo yakienda sawa, na nyumbani kwangu hayaendi sawa kwa sababu kuna simu nne na jirani mmoja anayejua nywila yetu. Hakuna aliyetuibia. Tulisoma kipimo vibaya, kama mtu anayesoma inchi za kiuno akadhani ni sentimita.

Karibu saa kumi usiku kijana akaja kuniamsha kwamba mtandao umekufa. Kweli, kwenye kioo kasi ilikuwa sufuri. Nikainuka na leso yangu, nikachomoa ruta, nikairudisha. Sufuri. Nikachomoa tena. Mara ya tatu nikapigia huduma kwa wateja, nikasikiliza muziki wao dakika 40, na yule kijana aliyepokea nikamsomea kurasa zote. Naye maskini aliniambia kwa upole kwamba kwake laini yangu inaonekana nzima. Sikumwamini. Nikamwambia mwanangu aizime laptopu aiwashe, kazi ikaanza upya kuhakiki kila kitu ilichokuwa imepakua.

Siku hizi najua tulichokuwa tunakiona. Mali ilikuwa imeshafika yote. Lori lilikuwa limeondoka, na kilichobaki ni kukata mikanda na kupanga, kazi ambayo mtandao hauhusiki nayo hata kidogo. Taa ndogo ya diski ilikuwa inametameta mbele yetu wakati wote huo, na hatukuitazama. Anayetumia duka la gemu la Steam amewekewa hadi mchoro kwenye ukurasa wa kupakua. Nguzo za bluu ni mtandao, mstari wa kijani ni diski. Bluu ikilala na kijani kikiwa juu, nenda ukalale. Asiye na mchoro, kama kompyuta yake ni ya Windows, abonyeze Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja, lifunguke dirisha la Task Manager linaloonyesha kazi za kompyuta, aangalie safu ya diski. Ikiwa inahangaika, iache ihangaike. Diski ya kuzunguka iliyochomekwa kwa waya inaweza kufanya kazi hiyo hadi ukachoka kungoja, lakini inafanya.

Hiyo haikuwa dawa ya shida yetu, ilikuwa dawa ya ujinga wetu wa usiku ule. Shida yenyewe ilikuja asubuhi. Usakinishaji ulifika asilimia 64, ukasimama, na kompyuta ikaandika kwa Kiingereza kwamba imeshindwa kuandika kwenye diski. Tukarudia. Asilimia 64. Tukazima antivairasi, kwa sababu rafiki zake walimwambia hivyo, na hilo sikulipenda, ni kama kuacha mlango wazi kwa kuwa ufunguo unasumbua. Asilimia 64.

Nikaibeba laptopu na diski hadi kwa fundi mmoja mjini. Akaangalia dakika mbili. "Mathe, hii diski imeoza. Ni kufomati, kufuta yote, na laptopu tunaiflashi, 3,500." Nikamuuliza picha zangu zitakwenda wapi. Akasema picha kitu gani, utapiga zingine. Mhariri, mama yangu nitampiga picha wapi tena? Nikafunga begi langu nikapanda matatu ya kurudi Umoja.

Aliyetuokoa ni binti wa jirani anayesomea kompyuta. Alikuja kuomba chumvi. Hata hakukaa. Akauliza swali moja tu: "Anti, inasimama hapo hapo kila mara, ama inahamahama?" Nikamwambia hapo hapo, 64 haibadiliki. Akasema basi si mtandao, mtandao mbaya hukukwamisha popote, leo 12, kesho 80. Inayogonga ukuta ule ule kila mara ina kitu mahali pale. Kama si kipande kilichoharibika, ni faili fulani isiyoweza kuingia.

Akabonyeza diski yangu kwa upande wa kulia wa kipanya, akafungua maelezo yake, akanionyesha herufi: FAT32. Huu ni mpangilio wa kuhifadhi faili uliokuja na toleo la pili la Windows 95 mwaka 1996. Wauzaji wa diski zilizotumika wanaupenda kwa sababu televisheni na redio za magari karibu zote zinausoma. Ila una mpaka mmoja: hauwezi kupokea faili moja inayofika 4 GB. Diski inaweza kuwa na nafasi ya 300, faili ya 5 hailali humo. Alinieleza kwa kitabu cha risiti. Kama mahali pa kuandika bei pana vyumba vinne tu vya tarakimu, unaweza kuuza siku nzima, lakini akija mteja wa shilingi 10,000 huna pa kumwandika, hata kama kitabu bado kina kurasa mia. Ndani ya gemu yetu kulikuwa na faili moja nono, na zamu yake ilifika kwenye 64. Faili zilipokuwa njiani zilikuja vipande vidogo vidogo, ndiyo maana upakuaji haukulalamika. Kuziunganisha ndiko kulikoleta kesi.

Yule fundi angefomati, na kwa kweli gemu ingeingia. Angepata pesa na sifa, mimi ningepoteza mama mara ya pili.

Binti akanishauri kwanza tunakili picha. Zilikuwa 11 GB, zikaingia kwenye laptopu bila shida. Alisema hata njia isiyofuta kitu huanzwa baada ya kuweka nakala, maana stima ikipotea katikati hakuna wa kumlilia. Kisha akafungua lile dirisha jeusi la amri, akiwa na ruhusa ya msimamizi, akaandika `convert E: /fs:ntfs`, E ikiwa ndiyo herufi ya diski yetu. Kompyuta ikamuuliza jina la diski, akaliandika kama lilivyo. Ilichukua muda wa kuchemsha chai. Picha, nyimbo, na ile gemu iliyokwama, vyote vilikuwa mahali pake, ila sasa mpangilio wa diski ulikuwa NTFS, ambao faili kubwa haiusumbui. Kijana akabonyeza kuendelea. 65. Nilipiga kigelegele, sioni haya kusema.

Nimeandika haya yote, Mhariri, kwa sababu mbili. Kwanza, wanaouza gemu na wanaouza laptopu hapa mjini waandike nambari zote mbili, uzito wa robota na ukubwa wa kibanda, kwa herufi zinazolingana. Nami nikikuuzia robota nikakwambia kilo bila kukwambia ni ya watoto au ya wakubwa, utanirudia na polisi. Na anayeuza diski iliyotumika aseme ni FAT32 au NTFS. Ni neno moja, na kulisema hakugharimu kitu.

Pili, ningeomba gazeti lako litenge kona ndogo, hata Jumamosi moja moja, mambo haya yaelezwe kwa Kiswahili. Ile kompyuta ilituambia ukweli tangu asubuhi ya kwanza, kwamba shida ni kuandika kwenye diski. Iliutangaza kwa maneno matatu ya Kiingereza ambayo kijana wangu alidhani ni ya kupamba tu. Na mimi nilimtegemea yeye kwa sababu yuko kidato cha tatu.

Kwa msomaji wa Donholm: mwambie mtoto akuonyeshe inakwama asilimia ngapi, kisha airudie mbele yako. Ikisimama pale pale, mwachie mtu wa intaneti apumzike.

Kuna jambo moja binti hakunificha, nami sitakuficha. Ukishaibadilisha diski hivyo, huirudishi FAT32 bila kuifuta. Na televisheni yangu ya zamani, nilipoichomekea diski Jumapili iliyofuata, ikasema haioni kitu. Nyimbo zangu zote zimo humo na siwezi kuzisikia sebuleni. Nimelazimika kununua flashi ya 32 GB na kunakili nyimbo na picha huko, na juu ya diski nimebandika plasta na kuandika kwa kalamu nene: YA GEMU. Kijana sasa ananidai nimnunulie padi ya kuchezea, akiingia tano bora. Safari hii sijaahidi.

Muuza suruali,
Gikomba, Nairobi.