Barua kwa mwanangu: mita nne na nusu

Mwanangu mpenzi,

Salamu nyingi kutoka nyumbani. Sote hatujambo, na bibi yako kila siku anauliza likizo inafika lini. Daftari la hesabu ulilompa baba nimelipata. Nimelipitia usiku baada ya kufunika cherehani, nikakaa sana kwenye lile fumbo la fundi: ana kitambaa mita 4.5, ametumia mita 1.75, zimebaki ngapi? Uliandika 3.25, mwalimu akakukosesha.

Sikuandikii kukugombeza. Kosa hilo nimewahi kulifanya mwenyewe, tena mkasi uko mkononi. Ndio kwanza nimeanza kazi, mama mmoja akaniletea mita 4.5. Nikamwahidi sketi na blauzi yake za mita 1.75, na kwa kitakachobaki gauni la binti yake la mita 3. Nilipotandaza kitambaa mezani, robo mita haipo. Nilinunua kipande kwa hela yangu, na usiku ule sikupata usingizi.

Nimeona ulipoteleza. Juu kuna 5, chini kuna 7. Ukageuza, ukatoa 5 kwenye 7. Ile 5 ya mwisho ukaishusha tu kwa sababu juu yake hapakuwa na kitu. Hebu ikumbuke tepu yangu. Nusu mita ni sentimita 50, nawe unatakiwa kukata 75. Utazikata wapi? Lazima ufungue mita moja katika zile nne. Zinabaki mita 3, na zile sentimita 50 zinakuwa 150, tepu nzima ncha hadi ncha. Toa 75, zinabaki 75. Mita 3 toa 1, zinabaki 2. Jibu ni 2.75.

Basi daftarini andika 4.50. Ile sifuri haiongezi hata uzi mmoja, ila inaipa 5 ya chini mwenzake wa juu. Na nukta ikae chini ya nukta, kama kifungo na tundu lake. Ukiruka kimoja, shati zima linakwenda upande. Ukimaliza, jumlisha 2.75 na 1.75. Isiporudi 4.50, usikate kitambaa.

Lipo na neno "zaidi", lililokufanya ujumlishe ukurasa wa pili. Baba yako ameniambia nikuandikie habari za Filbert Bayi, mkimbiaji wa Tanzania. Mwaka 1974, kule Christchurch, New Zealand, alikimbia mita 1500 kwa dakika 3 na sekunde 32.16, rekodi ya dunia wakati ule. John Walker akamaliza nyuma yake kwa dakika 3 na sekunde 32.52. Walker alitumia muda gani zaidi? Neno ni "zaidi", kazi ni kutoa: sekunde 0.36. Baba akifika hapo hupiga meza kwa furaha.

Sasa nisaidie. Mteja ameniletea mita 5.2. Gauni lake linakula mita 2.85, na anataka kinachobaki kimtoshe mumewe kanzu ya mita 2.5. Hesabu nimeshapiga, lakini atarudi mwisho wa mwezi na kitambaa bado kimekunjwa juu ya kabati. Niandikie kinabaki kiasi gani na nimjibu nini. Sikati mpaka barua yako ifike.

Mama yako akupendaye